Sundae ya Kikorea: namna ya kulisoma jina lake, kuiagiza na kuijaza mwenyewe

Ukikuta neno "sundae" kwenye menyu mjini Seoul, usitegemee aiskrimu. Kitakacholetwa ni utumbo wa nguruwe uliojazwa damu, tambi na mboga au mchele wa kunata, ukapikwa kwa mvuke, ukakatwa vipande vya mviringo vyenye weusi wa kahawia, na pembeni yake vipande vya ini. Mkenya anayeijua mutura ataitambua kwa macho, ila ya Korea haipelekwi kwenye jiko la mkaa: inatoka kwenye mvuke moja kwa moja, laini, na ladha yake ni ya upole kuliko rangi yake.

Niliishi Cheonan, mji ulio kusini mwa Seoul, miaka miwili, na chakula hiki kilinifundisha kusoma menyu za Kikorea kuliko darasa la lugha. Kilichonichukua muda kuelewa ni hiki: neno sundae lenyewe halikuambii ndani mna nini. Linakuambia tu kwamba kuna kitu kimejazwa. Habari unayoihitaji, kama kuna damu, kama ni nguruwe, imetoka mkoa gani, mara nyingi imo kwenye neno linalotangulia. Kwa mtu anayekula kila kitu hilo ni jambo la ladha. Kwa Mwislamu, kwa Msabato, kwa yeyote asiyekula damu, ni jambo la dini, na ndiyo maana nimeuandika mwongozo huu kwa urefu.

Hatua ya 1: Litamke sawasawa

Kwa Kikorea huandikwa 순대. Ni silabi mbili, 순 ambayo ni "sun", na 대 ambayo ni "de". Zile herufi a na e za mwisho si vokali mbili. Ni namna ya kuiandika vokali moja ya Kikorea, ㅐ, kwa kanuni za herufi za Kilatini ambazo serikali ya Korea Kusini ilizitangaza mwaka 2000. Kwa sikio letu ni e ya "meza". Kwa hiyo usiseme su-nda-e, kama jicho la Kiswahili linavyotaka. Sema sun, izuie n ibaki kwenye silabi ya kwanza, kisha de.

Hapo tuna bahati, maana u yetu ndiyo u yao. Anayesoma Kiingereza akiziona herufi hizohizo husema "sandei", kwa kuwa kwao hiyo ni aiskrimu iliyomwagiwa sharubati nzito. Jina la aiskrimu hiyo lilitokana na "Sunday", yaani Jumapili kwa Kiingereza. Mji wa Ithaca katika jimbo la New York unalo tangazo la gazeti la mwaka 1892 linaloiuza. Majina haya mawili hayana undugu wowote, yamegongana tu kwenye herufi za Kilatini. Kwa Kikorea hayagongani hata kidogo: aiskrimu huandikwa 선데이, "seondei", na chakula chetu 순대. Ukizikariri alama hizo mbili za 순대 hutadanganyika hata kama bango limeandikwa sundae, soondae au vinginevyo.

Jihadhari pia na 순두부, sundubu. Inaanza na silabi ileile, lakini ni tofu laini, na kwenye menyu mara nyingi ni mchuzi wake. Nimewaona wageni wakiagiza moja wakitaka nyingine.

Hatua ya 2: Jua neno lilikotoka

Maelezo yanayotajwa zaidi yanalipeleka neno hili kaskazini, kwa Wamanchu waliopakana na Wakorea. Kwa Kimanchu soseji ya damu ni senggi duha: senggi ni damu, duha ni utumbo. Yabane maneno hayo mawili mdomoni, uyaseme haraka vizazi kadhaa, na sundae haiko mbali. Neno la Kikorea la damu ya mnyama iliyoganda, seonji (선지), nalo huhusishwa na senggi hiyohiyo. Likariri neno seonji, utalihitaji katika hatua ya nne.

Lakini lilikotoka neno si lazima pawe ndipo lilipo leo. Siuijeonseo, kitabu cha mapishi cha mwishoni mwa karne ya 19, kinaeleza kitu kinachoitwa doyaji sundae, yaani sundae ya nguruwe. Utumbo unageuzwa ndani nje na kuoshwa vizuri. Chipukizi za choroko, mboga ya minari na figili nyeupe vinachovywa kwenye maji ya moto, vinakatwakatwa pamoja na kimchi ya kabichi, yaani kabichi iliyochachushwa, vinatiwa tofu, vitunguu majani, tangawizi, saumu nyingi, ufuta, mafuta na pilipili, kisha vinakandwa na damu na kujazwa. Kitabu hichohicho kina eogyo sundae, ambayo ni mfuko wa hewa wa samaki uliojazwa.

Mambo mawili yanaonekana hapo. Kwanza, tambi hazipo. Pili, zaidi ya miaka 100 iliyopita tayari mwandishi aliona haja ya kusema "ya nguruwe", kwa sababu palikuwa na sundae nyingine isiyokuwa ya nguruwe. Damu na utumbo vimo kwenye asili ya neno, lakini watumiaji wake walikwisha kulipanua likawa "kitu kilichojazwa". Hata mitaani leo Mkorea anaweza kusema anakwenda "kuijaza sundae" akimaanisha kulijaza tumbo lake mwenyewe.

Hatua ya 3: Soma neno la mbele

Hapa ndipo pa kukaa. Nitayapitia majina utakayokutana nayo, na kila moja nitakuambia linakuahidi nini na linanyamazia nini.

Sundae isiyo na neno lolote mbele, ile ya kibandani jirani na sufuria ya tteokbokki nyekundu, yaani vipande vya keki ya mchele kwenye rojo la pilipili, mara nyingi imejaa dangmyeon (당면): tambi za wanga wa viazi vitamu, zinazong'aa na kuteleza. Jina dangmyeon maana yake ni "tambi za Tang", yaani za China. Zilienea ndani ya sundae katika miongo iliyofuata vita vya 1950 hadi 1953, kwa kuwa zilikuwa rahisi na zinashibisha, na sundae ikashuka kutoka chakula cha siku ya kuchinja hadi chakula cha mwanafunzi anayetoka shule. Damu imo, japo kidogo, ya kutia rangi na harufu. Usikubali mtu akuambie "hii ni tambi tu".

Chapssal sundae (찹쌀순대): chapssal ni mchele wa kunata. Ni nzito zaidi, inashika meno. Jina linataja mchele na kuinyamazia damu, lakini damu kwa kawaida imo.

Pi sundae (피순대): pi ni damu. Hii inajisema yenyewe. Ni ya upande wa Jeolla, kusini-magharibi, na mji wa Jeonju unasifika kwayo. Ndani damu ndiyo tawala, nyororo kama ini lililosagwa. Mimi naipenda kuliko zote, lakini simpi mgeni aanze nayo.

Abai sundae (아바이순대): katika lahaja ya Hamgyong, mkoa ulioko Korea Kaskazini ya leo, abai ni baba, au mzee wa kiume anayeheshimiwa. Inatumia utumbo mpana, hivyo vipande vyake ni vinene, na ndani mna mchele wa kunata na mboga pamoja na damu. Ukitaka kujua jina lilifikaje kusini, nenda Sokcho, pwani ya mashariki. Majeshi yaliporudi nyuma Januari 1951, watu wa Hamgyong waliteremka nayo wakidhani watarudi kwao baada ya wiki chache. Mpaka ukafungwa. Wakajenga vibanda juu ya ukanda wa mchanga karibu kabisa na bandari, na mahali pale pakaitwa kijiji cha Abai, kwa sababu ndivyo walivyokuwa wakiitana. Mpaka leo unaweza kuvuka kwenda kijijini kwa gaetbae, pantoni bapa inayosogezwa kwa kuivuta kamba ya chuma kwa mikono. Nilipolishika lile chuma la kuvutia, na mzee mmoja akanionyesha namna ya kulikita, nilielewa kwamba jina hili halitaji chakula wala utumbo. Linawataja watu.

Byeongcheon sundae (병천순대) ni ya mji mdogo ulio chini ya Cheonan, na kwa kuwa nilikaa karibu, nilikula hii kuliko nyingine zote. Byeongcheon ni tafsiri ya Kichina ya jina la zamani la Kikorea, Aunae, na yote mawili yana maana ya mahali vijito viwili vinapokutana. Soko la Aunae hukusanyika tarehe zinazoishia na 1 na 6. Ni soko lilelile ambako tarehe 1 Aprili 1919 binti wa miaka 16, Yu Gwan-sun, alishiriki kuongoza maandamano ya kudai uhuru kutoka kwa Japani. Tarehe yenyewe ilikuwa siku ya gulio. Sundae ilikua hapo baadaye, miaka ya 1960, kiwanda cha nyama ya nguruwe kilipofunguliwa karibu na matumbo yakawa yanapatikana kwa wingi. Wanatumia utumbo mwembamba, kabichi na mboga nyingi, damu ya kutosha, tambi chache. Ina harufu ndogo kuliko nyingine, na kama ndiyo mara yako ya kwanza, anza nayo. Baegam sundae (백암순대) ya Yongin nayo ni jina la mahali, na inafuata mwendo huohuo.

Kisiwani Jeju neno lenyewe linabadilika: huitwa suae. Ndani ni damu na unga, wa shayiri au wa mbegu nyeusi zinazoitwa buckwheat na wazungu, mboga ni chache. Ni kavu, na inashibisha haraka.

Sasa jina la hatari: baek sundae (백순대). Baek ni nyeupe. Katika mtaa wa Sillim, Seoul, kuna jengo zima la wauza sundae ya kukaanga kwenye bamba la chuma pamoja na kabichi na majani ya perila, mmea wa kiungo wenye harufu kali, na hapo "nyeupe" maana yake ni kwamba haikutiwa rojo jekundu la pilipili. Sundae yenyewe ni ya kawaida, damu imo. Nilimpeleka rafiki yangu ambaye anakula nguruwe lakini damu hali kwa imani yake. Niliona neno nyeupe, nikamhakikishia. Bamba lilipoletwa, vipande vilikuwa vyeusi kama kawaida. Alikula kabichi na wali, na njiani hakunilaumu, lakini niliumia kwa wiki nzima. Sikuuliza, na swali lilikuwa la maneno mawili tu.

Kundi la mwisho ni lile lisilo na utumbo kabisa. Ojingeo sundae (오징어순대) ni ngisi aliyejazwa, nayo ni ya Sokcho. Dongtae sundae (동태순대) ni samaki wa baridi aina ya poloki, aliyetolewa matumbo kupitia mdomoni na kujazwa. Hizi zinaweza kuwa hazina damu wala nguruwe, lakini neno ojingeo linataja ganda tu, halitaji kilichomo. Wapishi wengine hutia nyama ya nguruwe ya kusaga kwenye mchanganyiko.

Dukani, kwenye pakiti, kazi ni nyepesi zaidi. Geuza nyuma utafute 돼지고기 함유, "ina nyama ya nguruwe", ambayo ni sehemu ya tahadhari za viambato vinavyoleta mzio. Katika orodha ya viambato 돈혈 au 선지 ni damu, na 돈장 ni utumbo wa nguruwe. Alama 돈, "don", popote uionapo kwenye nyama, ni nguruwe.

Hatua ya 4: Uliza kabla hujaketi

Uliza kabla ya kuketi, maana ukishaketi na sahani za kimchi zikawekwa mbele yako, kuinuka ni kumvunjia heshima mwenye mahali.

Swali la damu ni "Seonji deureogayo?" (선지 들어가요?), yaani "damu inaingia humo?" La nguruwe ni "Dwaejigogi deureogayo?" (돼지고기 들어가요?). Ile eo ni o ya mdomo uliofunguka zaidi kuliko yetu, na eu ni u inayosemwa huku midomo imenyooshwa kama unatabasamu. Hata ukikosea kidogo utaeleweka.

Jibu "ne" ni ndiyo. Lizoee, kwa sababu sikio lililozoea lugha za Ulaya hulisikia kama kukataa. "Aniyo" ni hapana. Na uulize kwa kukubali, si kwa kukanusha. Ukiuliza "haina damu?" Mkorea atajibu kama Mswahili: "ndiyo", akimaanisha ndiyo, haina. Sisi tunalielewa hilo, ila katika kelele za gulio ni rahisi kusikia nusu ya jibu.

Kwa Mwislamu swali haliishii kwenye kiungo kimoja. Aya ya 3 ya Suratul Maida inaitaja damu na nyama ya nguruwe pamoja. Kibanda cha sundae hupika ini, mapafu na utumbo kwenye chombo kimoja, hukata vyote kwa kisu na kibao kimoja, na supu yake ni ya mifupa ya nguruwe. Hakuna namna ya kuiagiza sundae ya kibandani ikawa halali. Aliye Seoul aende Itaewon, kwenye mitaa inayouzunguka msikiti mkuu uliofunguliwa mwaka 1976, ambako nyama halali inauzwa, na ladha ya sundae aitafute kwa ngisi, jikoni kwake. Nimeiweka hatua ya mwisho kwa ajili hiyo.

Hatua ya 5: Agiza, kisha chovya kama wenyeji

Muuzaji mwanamke wa makamo huitwa "imo", dada wa mama, kama sisi tunavyomwita mama lishe mama bila kuulizana ukoo. Mwanamume, au mwanamke ambaye hujamzoea, mwite "sajangnim", mwenye duka. Sema "Imo, sundae ilinbun juseyo": nipatie sundae ya mtu mmoja.

Atakuuliza kama achanganye na naejang (내장), viungo vya ndani. Ukitaka, jibu "seokkeo juseyo", changanya. Utapata gan ambayo ni ini, heopa ambayo ni mapafu, pengine yeomtong, moyo. Ukitaka ini peke yake sema "ganman juseyo". Usipotaka chochote, "sundaeman juseyo", sundae peke yake. Mimi nachukua ini kila mara. Likiwa la moto linaifaa sana sundae, likipoa linakauka kama chaki, kwa hiyo lianze ini.

Kuhusu kuchovya, Korea imegawanyika kweli, na kila upande unaona wa pili umepotoka. Seoul ni chumvi iliyochanganywa na unga wa pilipili. Busan na mikoa ya Gyeongsang, kusini-mashariki, ni makjang, rojo la soya lililochachushwa. Jeolla ni chojang, rojo la pilipili lenye siki na utamu. Jeju ni sosi ya soya. Kusini-mashariki nilipewa makjang kabla sijaomba chochote, na tangu siku ile chumvi ya Seoul naiona pungufu.

Ikiwa ni supu, sundaeguk (순댓국), inakuja nyeupe na bila chumvi makusudi. Koleza mwenyewe kwa saeujeot, ambao ni uduvi waliowekwa kwenye chumvi. Anza na nusu kijiko, kwa kuwa chumvi yake ni kali. Kisha unga wa mbegu za perila, majani mabichi ya vitunguu, na ukipenda rojo la pilipili. Onja kabla ya kumwaga wali ndani. Fahamu pia kwamba bakuli la sundaeguk linaweza kuwa na viungo vya ndani vingi kuliko sundae yenyewe. Anayeitaka sundae tupu aseme "sundaeman" tangu mwanzo.

Hatua ya 6: Jaza ya nguruwe mwenyewe

Mahitaji: utumbo mwembamba wa nguruwe mita 3, damu ya nguruwe nusu lita, mchele wa kunata vikombe 2, dangmyeon gramu 150, robo ya kabichi ndogo, kitunguu kimoja, shada la vitunguu majani, punje 6 za saumu, kipande cha tangawizi cha ukubwa wa kidole gumba, chumvi vijiko vidogo 2, pilipili manga kijiko kidogo kimoja, mafuta ya ufuta vijiko vikubwa 2, na vijiko vikubwa 3 vya unga wa perila au ufuta uliotwangwa. Mchele wa kawaida usijaribu. Hautashika, na kisu kikipita kila kitu kitamwagika.

Damu itoke kwenye machinjio yanayokaguliwa na daktari wa mifugo, si ya kuletewa na mtu uani. Ikikingwa tu ikorogwe na chumvi kidogo isigande, ichujwe, ikae kwenye barafu au friji, itumike siku ileile.

Utumbo ndio kazi yenyewe. Ugeuze ndani nje kwa kuupitishia maji ya bomba, usugue kwa unga wa ngano na chumvi ya mawe, suuza, rudia. Mara tatu ni chache. Unaacha pale unapounusa na kusikia maji tu. Uloweke kwenye maji baridi wakati unaandaa mengine.

Mchele uloweke saa 3, uupike kwa mvuke mpaka uive lakini punje zisimame. Dangmyeon ziloweke maji ya uvuguvugu nusu saa, zikate fupi kama urefu wa kiungo cha kidole. Kabichi ikate ndogo, itie chumvi, ikamue kwa nguvu. Changanya vyote vikiwa vimepoa, damu mwisho. Ukitia damu kwenye wali wa moto itaanza kuganda kwenye bakuli, na hapo hakuna marekebisho.

Funga upande mmoja wa utumbo kwa uzi wa pamba. Jaza kwa faneli yenye mdomo mpana, ukisukuma kwa kidole gumba, na uishie robo tatu tu. Wengi huharibu hapa. Utumbo unasinyaa, wali unavimba, na uliojazwa mpaka ukabana utapasuka. Ukiushika unapaswa kulegea mkononi kama soksi iliyojaa nusu. Funga uzi kila sentimita 30.

Weka kwenye maji yenye nyuzi joto 80 hadi 85: mvuke unapanda, viputo vidogo vinatoka chini, lakini maji hayatokoti. Baada ya dakika 10 toboa hapa na pale kwa sindano ili hewa itoke. Acha dakika 40 hadi 50. Choma sindano katikati ya kipande kinene. Kikitoka kimiminika chekundu, bado. Mwenye kipimajoto asubiri kifike nyuzi 74 ndani. Itoe, ipake mafuta ya ufuta, iache dakika 15 itulie, ndipo ukate kwa kisu kikali, vipande vya unene wa kidole. Ya kesho ipashe kwa mvuke, kwani tambi zikilala kwenye friji zinakuwa ngumu.

Hatua ya 7: Au jaza ngisi

Hii haina nguruwe wala damu, na aliye Zanzibar, Mombasa au Dar es Salaam anampata ngisi kwa urahisi kuliko mtu wa Cheonan.

Chukua ngisi wanne wa wastani. Vuta kichwa, toa matumbo na ule mfupa mwembamba kama plastiki, osha, acha mwili mzima kama mfuko. Kata minyiri vipande vidogo sana. Changanya minyiri hiyo na tofu nusu kipande iliyokamuliwa kwenye kitambaa, kikombe kimoja cha wali wa kunata, karoti nusu na pilipili hoho nusu zilizokatwa ndogo, vitunguu majani, saumu punje 2, yai moja, chumvi na mafuta ya ufuta.

Ukaushe mfuko wa ngisi kwa kitambaa, kisha nyunyiza unga wa ngano ndani na uuzungushe. Unga huo ndio utakaoushikanisha mchanganyiko na nyama. Ukiusahau, kila kipande utakachokata kitakuwa pete tupu na donge pembeni. Jaza theluthi mbili tu, ngisi husinyaa kuliko utumbo. Funga mdomo kwa kijiti cha meno, toboa mara mbili tatu kwa sindano, pika kwa mvuke dakika 15 hadi 20.

Mwache apoe kabisa kabla ya kukata. Wapishi wa Sokcho hawaishii hapo: kila kipande cha sentimita moja huchovywa kwenye yai lililopigwa na kukaangwa kwa mafuta kidogo, upande huu na huu, mpaka yai lipate rangi ya dhahabu. Kula kwa sosi ya soya iliyotiwa siki kidogo. Anayejali uhalali asome chupa ya soya, kuna zinazotiwa alkoholi. Kwetu pwani ndimu inashika nafasi ya siki bila tatizo lolote.